Mume wa Mwanvua

Haya yalimpata rafiki yangu Nawal, mwaka wa tisini na sita, vita vilipokuwa vimetuingia hadi mjini. Jioni moja umeme ulikatika, naye akafuatana na Mwanvua, fundi cherehani wa mtaa wa Buyenzi, hadi nyumbani kwa fundi huyo, kuchukua gauni la Idi alilomshonea.

Mwanvua aliishi peke yake, chumba kimoja, mlango mmoja. Wenye bunduki walikuwa wakigonga nyumba za wanawake wasio na mtu, kwa hiyo alijitungia mume, akampa jina Tajudini. Kila alipofika mlangoni alimwita kwa sauti, wapita njia wasikie.

Uchochoro mzima ulikuwa giza. Upande wa milimani risasi zililia, kisha kukawa kimya. Mwanvua akapapasa kufuli, akalifungua, akaita kama kawaida yake, "Tajudini, tumefika."

Nawal akacheka chini chini. "We dada, utamuzowea huyo bwana."

"Afazali nimuzowee yeye," Mwanvua alisema, "kuliko wale wenye kupitaka hapa."

Kufuli lilikuwa bado mkononi mwake, mlango hajausukuma, waliposikia komeo la ndani likisogezwa taratibu, mpaka likafunga.