Pima Wewe

Jumamosi ya soko, duka la vifaa vya umeme mjini Machakos lilikuwa limejaa hadi mlangoni. Mbula, fundi wa umeme, alikuwa amevaa ovaroli ya buluu na kitambaa cha manjano kichwani, mkononi ameshika mita ya kupimia umeme. Kijana mwenye shati jeupe lililopigwa pasi vizuri alimsogelea.

"Sista, hiyo mita unamnunulia bwana?"

"Bwana niko naye? Ni yangu. Wewe unanunua nini?"

"Balbu. Lakini sasa nataka mtu wa kunifungia."

"Balbu inafungwa na mtoto."

"Basi nitafute mtoto, ama nikutafute wewe?"

Mbula alicheka, akampa namba ya simu.

Kijana huyo, Kimeu, alikuwa na mashine ya kusaga unga Mumbuni. Alipiga simu kila mchana. "Umekula, malaika?" Mbula alijibu, "Niko juu ya paa. Nipigie nikishuka." Marafiki wa Kimeu wakasikia, wakamcheka: mke atapanda juu, bwana atashika ngazi. Kimeu akamwambia Mbula achague, kazi au yeye. Mbula alikata simu, ingawa alivitaka vyote viwili.

Baada ya wiki kadhaa Kimeu akapiga tena.

"Nilikosea, mpenzi. Mwaitu, mama yangu, amekuja kutoka Ndithini. Mashine inazimika-zimika, kwa hivyo uje na mita. Nataka akuone ukifanya kazi."

"Kweli?"

"Kweli. Tukimaliza tupange siku ya kuja kwenu kuposa."

Mbula alienda amevaa rinda jipya la kijani, ovaroli ikiwa mkobani. Aliacha mita kwenye benchi la mashine, karibu na Kimeu, akaenda kunywa chai na mama yake Kimeu.

Baadaye alivaa ovaroli, akafungua sanduku la swichi. Kabla ya kugusa waya wowote huikagua mita kwanza. Kitufe cha kuchagulia kipimo kilikuwa kwenye volti, lakini waya mwekundu wa mita ulikuwa kwenye tundu la ampea. Mita iliyowekwa hivyo haipimi volti. Inaunganisha waya na waya, na umeme wa mashine, wa volti zaidi ya mia nne, unalipuka mbele ya uso. Asubuhi, alipoijaribu mita nyumbani, waya huo ulikuwa kwenye tundu la volti.

"Kimeu, nani ameshika mita yangu?"

"Mchezo tu, babe. Nilijua utaona."

"Mchezo gani?" mama aliuliza.

Mbula alimnyooshea Kimeu mita jinsi ilivyokuwa. "Kama ni mchezo, pima wewe."

Kimeu aliweka mikono yote miwili nyuma.

"Pima, malaika."

"Usinifanyie hivi mbele ya mwaitu."

"Kwa hivyo ulijua itafanya nini."

"Nilitaka ushtuke kidogo tu, uache hii kazi. Ni kwa sababu nakupenda."

Mama aliitazama mikono ya mwanawe ikiwa bado nyuma.

Mbula alirudisha waya kwenye tundu lake, akaijaribu mita kwenye soketi iliyokuwa na umeme, kisha akapima swichi.

"Waya mmoja umelegea, mwaitu," alisema akifunga sanduku. "Ndiyo sababu inazimika. Mtafute fundi."

"Na ile siku ya kuja kwenu?" Kimeu aliuliza.

Mbula alivua ovaroli, akaikunja vizuri.

"Msije."