Mkate wa Bibi Stamata

Kijiko cha nne kilikuwa kimelowa. Argiro alikigeuza mkononi mara mbili, kwa kuwa mezani walikuwa wamekula watatu tu: yeye, mumewe Stratis, na binti yao Lenio.

"Umekitumia wewe?"

"Nikitumie kwa supu ipi, mke wangu? Yale yalikuwa maji yamepewa jina tu."

Argiro alichoka hata kucheka. Kijiko kilikuwa cha mama mkwe wake, Stamata, aliyekufa kwa njaa wiki tatu nyuma. Mtaa mzima wa Kokinia ulidhani bado ni mgonjwa kitandani. Stratis alimpeleka alfajiri kwa mkokoteni, akamlaza nje ya ukuta wa makaburi pamoja na maiti wengine wasio na majina. Tangu Wajerumani waiteke nchi na kuchukua chakula chote, mkate ulitolewa kwa kadi, na kadi ya marehemu hurudishwa. Mkate wa Stamata ndio uliomweka hai Lenio, ambaye miguu yake ilishaanza kuvimba kwa njaa.

Siku ya pili baada ya kijiko kile, chumba kilinuka karafuu ambazo Stamata alizoea kuzifunga katika skafu yake. Ya tatu, kitanda kitupu kikakohoa. Argiro alimkimbilia padri.

"Hakuombewa, wala hakupikiwa ngano ya kumuaga marehemu. Anadhani yu hai," padri alinong'ona. "Aambiwe amekufa, nimtaje kanisani, ataondoka. Lakini nikimtaja, binti yangu, karani wa kadi naye atasikia."

"Basi tungoje, baba. Lenio apone kwanza."

Mchana huo, alipoukata mkate wa mahindi na kumpa Lenio kipande cha bibi yake, harufu ya karafuu ilijaa chumbani, baridi ikapanda kutoka chini, kiti cha nne kikasogea chenyewe taratibu kikikwaruza sakafu, na alipoinua macho, mwili umechoka hata kupiga kelele, Stamata alikuwa ameketi pale, skafu imefungwa vizuri, akimtazama.

"Mkwe wangu, mbona hamjanipikia ngano? Niambie ukweli. Nimekufa?"

Argiro aliitazama miguu ya Lenio, akaitazama kadi. Aliona aibu, kisha akaona hana hata nguvu ya kuona aibu.

"Hujafa, mama. Acha maneno hayo."

Kikongwe akashusha pumzi, akafurahi kweli.

"Afadhali! Sasa mbona mkate wangu anaula mtoto?"

Lenio akaacha kutafuna.