Barua ya Mwanangu Niliianika Barabarani

Nina miaka hamsini na saba na nimefiwa na mke. Haya mnayoyasoma sikuyaandika kwa mkono wangu. Nimeyasema kwa mdomo, na mwalimu wangu wa kisomo cha watu wazima hapa Kiwalani ndiye aliyeyaandika. Nimemkataza asiyapambe. Mahali nitakapoonekana mjinga aache hivyohivyo, maana ndivyo nilivyokuwa.

Mie ni fundi wa kuchonga, kwetu Newala. Baba alinipa patasi nikiwa bado na meno ya utoto. Wenzangu walipokwenda shule, mie nilibaki na magogo. Nilipohamia Dar nikakuta vinyago haviendi kama zamani, watu wanataka vibao vya majina ya nyumba, vya ofisi, vya misikiti na makanisa. Basi nikaanza kuchonga herufi.

Hapo najua mtashangaa. Fundi wa herufi asiyejua kusoma? Ndiye mie. Mteja alikuwa ananiandikia kwenye karatasi, nami naihamishia kwenye ubao mstari kwa mstari, kama ninavyochonga sikio la mtu au pembe ya mbuzi. Hata wino ukidondoka bahati mbaya, naichonga na ile nukta. Watu wakinisifu mwandiko, naitikia tu.

Siri hiyo aliijua mke wangu peke yake. Alikuwa ananisomea kila kazi kabla haijatoka, kisha ananitania: "Leo profesa kaandika choo cha wanaume." Tulikuwa tunacheka mpaka machozi. Mungu amrehemu.

Alipofariki nilibaki na binti yetu mmoja, Somoe. Naye nikamficha. Akiniletea karatasi ya shule nisaini, nasema iache hapo nitaisoma, kisha nachora jina langu pale chini. Sikuwahi kumuuliza inasema nini... Niliogopa mwanangu aniangalie kwa dharau. Yeye alikuwa anakesha na vitabu, mie baba yake nivishike juu chini?

Somoe alipomaliza kidato cha nne, shemeji yangu, mdogo wake marehemu mke wangu, alileta posa. Muoaji alikuwa mtu mzima wa Temeke mwenye duka la mbao, na mbao zangu nilikuwa nanunua kwake. Nikaona heri imekuja yenyewe. Nikakubali.

Nyie mnaojua mila zetu mtanielewa. Binti hamwambii baba yake mambo ya ndoa uso kwa uso. Anapitia kwa mama, na mama asipokuwepo anapitia kwa mama mdogo. Mama amelala makaburini, na mama mdogo ndiye mwenye posa. Maneno yake angempa nani ayafikishe? Akayaandika.

Ijumaa moja nilitoka msikitini nikakuta karatasi juu ya meza yangu ya kazi, imewekewa patasi isipeperuke. Ilikuwa mistari mitatu. Wateja wangu ndivyo wafanyavyo wasiponikuta, wanaacha maneno wanayotaka halafu wanarudi. Somoe alijua hapo ndipo mahali ambapo lazima ningeiona. Nami nikajua nimepata kazi.

Nikachukua kipande kizuri cha mninga na nikaichonga ile barua yote kama ilivyo. Ulikuwa mwandiko wa mkono, wa kulala, na mie nilijivunia sana nilivyoupatia. Nikapiga msasa, nikapaka vanishi, nikakitundika mbele ya kibanda, pale barabarani, kikauke na wapita njia wakione.

Watu walisimama kukiangalia zaidi kuliko vibao vingine vyote. Vijana wawili walikipiga picha wakaondoka wanacheka. Jirani yangu fundi viatu akanijia akasema, "Mzee, hilo uliloandika zito." Nikamjibu, "Kazi tu hiyo, ndugu yangu." Ningemuuliza kwani kuna nini, yote haya yasingetokea. Lakini fundi wa herufi atamuulizaje fundi viatu?

Jumamosi mchana Somoe akawa anatoka sokoni na mfuko wa mboga. Akasimama mbele ya kibao. Nikamwona kakikazia macho, nikadhani kapendezwa. Nikamuuliza kwa furaha, "Unakionaje?"

Akasema, "Umepatia, baba. Mpaka mwandiko."

Nikacheka, wenzangu. Nilicheka kwa sifa niliyopewa na mwanangu! Yeye akaingia ndani, akapika, akanitengea chakula, akala chumbani kwake. Asubuhi yake hakuwepo, wala begi lake halikuwepo.

Shemeji alifika kabla sijamaliza kuuliza majirani. Posa ilikuwa imevunjika, picha ya kibao ilimfikia muoaji kwenye simu. Akanifokea, "Shemeji, kama ulikuwa humtaki mtu si ungeniambia? Na mtoto naye, siri yake unaianika barabarani?"

Nikamwambia simwelewi. Akakitundua kibao akanisomea kwa sauti, pale mbele za watu: "Baba, mie sitaki kuolewa. Naomba nikasome kidato cha tano. Nashindwa kukwambia."

Nikakaa chini. Mwanangu aliniomba kitu kimoja tu maishani, na mie nikamjibu kwa kukipaka vanishi. Hapo ndipo nilipotamka, kwa mara ya kwanza tangu mke wangu afe, kwamba sijui kusoma.  Shemeji alichukua mkoba wake akaondoka, na hajarudi mpaka leo.

Wakati wa kuripoti kidato cha tano ulipita. Simu ya Somoe haikupatikana. Nilikuwa napika ugali wa watu wawili, kisha nakumbuka. Nilikuwa nashinda kutwa bila kusema na mtu, na mteja akija nasikia sauti yangu imekauka.

Baada ya miezi mingi nikasikia yuko Kinyerezi, anahudumia kwenye mgahawa. Nikafunga kibanda nikaenda. Nilimkuta anafuta meza, kakonda. Akanisalimia shikamoo kwa adabu, kama anavyomsalimia mzee yeyote.

Nikamwambia yote. Kwamba sikujua, kwamba sijui kusoma, kwamba niliona michoro tu. Akanisikiliza mpaka mwisho.

"Baba, nimekua nakuona unaandika."

"Nachora, mwanangu. Sisomi."

Akanipa karatasi ya bei za vyakula iliyokuwa mezani. Nikaishika, nikaitazama, nikamwambia sijui hata neno moja. Macho yake yakajaa maji. "Hata mie naweza kusema sijui," akasema. "Ungeniambia tu hukutaka nisome. Ningekuelewa kuliko hivi." Kisha akaitwa na wateja, akachukua kitambaa akaenda kuwafutia meza.

Ndugu zangu, anayejua kusoma anaweza kuonyesha kuwa anajua. Asiyejua ataonyesha nini? Miaka yote nilijenga uongo wangu vizuri mno, na siku niliyosema kweli sikuwa na ushahidi.

Sasa nakwenda kisomo mara tatu kwa wiki, na patasi nimeiweka pembeni siku hizo. Mwalimu anasema kusoma ni haki ya kila mtu, hata mzee kama mie. Namwamini, lakini haki yangu niliificha mwenyewe kama mtu anavyoficha wizi, na aliyenyimwa haki yake kwa ajili hiyo ni Somoe.

Nawaombeni, nyie wenye siri kama yangu, msione haya kukaa darasani na mvi zenu. Na kama bado hamjui, waambieni watoto wenu leo, wakati wakisikia neno lenu bado wanaliamini. Mie nilimwambia wangu, na aliendelea kufuta meza.