Haukuwa Uvivu

Dada mtu na mdogo wake walikuwa madobi. Walifulia uani na kupigia pasi chumba cha mbele, penye meza ndefu na dirisha la barabarani. Dada alifua na kupokea wateja. Mdogo mtu alipiga pasi. Suruali ikitoka mikononi mwake, mkunjo wake ungedhani umechorwa kwa rula.

Kisha mdogo mtu akaanza kubadilika. Aliamka kabla ya alfajiri, akakaa kitandani akitazama ukuta. Chakula alikigusagusa tu. Nguo zikaanza kumpwaya. Shoga zake wakija kumsalimia, alijificha ndani.

"Una nini wewe? Umependa?" dada alimtania.

"Nimechoka tu, dada."

"Umechoka na nini? Jana umelala mchana kutwa!"

Siku moja alisahau pasi juu ya shati la bwana harusi. Likaungua mgongoni, na bwana harusi mwenyewe amesimama mlangoni. Dada aliona aibu. Hasira zikampanda.

"Kama kazi imekushinda, kaa ndani!" alifoka mbele ya wateja. "Sina nafasi ya kulea mtu mzima."

Mdogo mtu aliiacha pasi mezani. Aliingia ndani, na kesho yake hakutoka. Dada akatafuta msichana mwingine wa kupiga pasi.

Wiki zikapita. Jirani yao, muuguzi wa zahanati, akaja kuchukua sare zake.

"Mdogo wako simwoni siku hizi."

"Yumo ndani anahesabu boriti," dada alisema akicheka. "Uvivu tu huo, mama."

Muuguzi hakucheka. Aliomba kumwona. Aliketi kando ya kitanda, akamwuliza taratibu kuhusu usingizi, chakula na mawazo yake. Mwishowe akamwuliza waziwazi, "Mwanangu, huwa unafikiria kujiua?"

"Jamani! Usimtie mawazo hayo!" dada alimaka.

"Kuuliza hakumtii mtu mawazo," muuguzi alisema. "Kunampa nafasi ya kusema."

"Nafikiria," mdogo mtu alisema. "Naona nisipokuwepo, dada atapumzika."

Dada alimshika mdogo wake mkono. Akakaa sakafuni pale pale.

"Asiachwe peke yake," muuguzi alisema. "Twende naye kwa daktari sasa hivi."

Daktari alimsikiliza mgonjwa, akampima, kisha akawaeleza wote. "Hii ni sonona. Ni ugonjwa, kama presha au kisukari. Unawapata mamilioni ya watu duniani kote, wenye nacho na wasio nacho. Wengi hawatibiwi. Wanaona aibu, au watu wa nyumbani wanadhani ni uvivu au kurogwa."

"Unatibika?" dada aliuliza.

"Unatibika. Kuna dawa, na kuna kuzungumza na mshauri. Dawa huchukua wiki kadhaa kuonyesha kazi yake, kwa hiyo msikate tamaa. Na akijisikia vizuri asiache mwenyewe. Aje kwanza tuzungumze."

"Nilimfokea, daktari. Mbele za watu."

"Hukujua."

"Nilikuwa namwona kila siku," dada alisema.

Muuguzi alimshauri dada afungie kabatini dawa za madoa na vidonge vyote. Alifanya hivyo. Kila miadi alimsindikiza mdogo wake. Jioni walitembea kidogo, hata kama hawakusemezana. Mwanzoni hakuna kilichobadilika. Kisha asubuhi moja mdogo mtu akaomba aongezewe chai, na dada akageukia jikoni ili machozi yake yasionekane.

Miezi ilipita. Mdogo mtu alilala vizuri, akanenepa kidogo, akacheka tena na shoga zake.

"Meza yako ipo," dada alimwambia. "Rudi tu."

"Nimepata kazi kwa fundi cherehani, dada. Sina kinyongo na wewe. Lakini nikisimama kwenye ile meza, nasikia yale maneno."

Dada alimsaidia kufunga nguo zake, akahamia karibu na kazini.

Siku za mapumziko, mdogo mtu huja kula kwa dada yake. Juzi dada alimtazama akipakua chakula, akasema, "Laiti ningekuuliza mapema una nini."

"Kuuliza ulikuwa unauliza, dada," mdogo mtu alijibu kwa upole. "Jibu ndilo ulilokuwa hulingoji."

Dada akaweka kijiko chini. "Haya, leo moyo vipi?" aliuliza, kisha akanyamaza, akangoja.