Kola ya Mzee Okpalaeke

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Olanma alifagia ua wa mbele, akanyunyiza maji ili kutuliza vumbi, kisha akaweka benchi refu kando ya ukuta. Benchi hilo lilikuwa la watu wenye shida. Walikuja wakiwa na malalamiko ya kila namna: kisima kilichokauka, shemeji aliyenyakua shamba la mjane, mtoto aliyefukuzwa shule. Mama yake, Bi Uzoamaka Ndukwe, aliwasikiliza wote. Alikuwa mkunga wa zahanati ya Umuoghara kwa miaka kumi na minane, na diwani kwa miaka sita. Nyumba ambayo hakuwahi kuingia kumpokea mtoto mchanga ilikuwa vigumu kuipata katika mji ule.

Mwaka huo aliomba uenyekiti wa halmashauri, jambo ambalo hakuna mwanamke wa hapo aliyewahi kulijaribu. Uteuzi wa chama ulipangwa kufanyika Jumamosi katika uwanja wa shule. Picha za wagombea zingetundikwa kwenye nguzo, na kila mwanachama angejipanga nyuma ya picha ya mtu wake, machoni pa watu wote. Kwa hiyo wachache sana wangethubutu kusimama mahali ambapo wazee wa ukoo hawakusimama. Tena, Uzoamaka alikuwa mjane aliyeolewa kutoka mji mwingine. Watu wa Umuoghara walimhesabu kuwa mgeni, na watu wa kwao walisema amekwisha kuolewa. Bila baraka ya wazee wa marehemu mume wake, picha yake ingebaki peke yake.

Wazee hao walikubali kumtembelea Jumanne jioni. Kwa desturi ya hapo mazungumzo kama hayo hufunguliwa kwa kola, kokwa chungu ambayo huombewa, hupasuliwa na kutafunwa na wote.

"Olanma," mama alimwambia asubuhi hiyo, "ukitoka shule nenda moja kwa moja ng'ambo ya kijito, kwa Mzee Okpalaeke. Ndiye mkubwa wa ukoo. Miguu haimruhusu kuja, lakini ameahidi kunipa kola za mti wake. Wenzake wakiziona watajua kwamba yuko pamoja nasi. Usikawie."

"Sitakawia, mama."

Olanma alikuwa na nia njema mpaka alipofika lango la shule. Pale wasichana walikuwa wakifanya mazoezi ya ngoma ya Krismasi, na Nkolika, rafiki yake, alimwona akipita.

"Tazameni, binti wa mwenyekiti!" alipaza sauti huku akitikisa mabega. "Hata kura hazijapigwa, keshaanza kutupita kama asiyetujua!"

"Nimetumwa mimi."

"Utatumwa mpaka uote mvi. Njoo bwana, mzunguko mmoja tu!"

Mzunguko mmoja ukawa mitano. Alipotanabahi, jua lilikuwa limegeuka jekundu katika ukungu wa vumbi ambalo upepo wa kaskazini huleta msimu huo. Kwenda kwa Mzee Okpalaeke na kurudi kulihitaji saa nzima. Penye njia panda palikuwa na muuza kola kutoka kaskazini. Olanma akatoa naira alizoweka za biskuti, akafungiwa kola nne ndani ya jani.

Alijua anachokifanya, kama ambavyo mtoto yeyote wa mji ule angejua. Kola za miti ya nyumbani hupasuka vipande vitatu, vinne au zaidi, nazo ndizo zinazoombewa mbele ya wageni. Zile za njia panda zina ufa mmoja, hupasuka viwili tu, na madereva huzitafuna wasisinzie. Hata hivyo alijipa moyo kwamba katika giza la sebuleni hakuna atakayetambua.

Alifika nyumbani wazee wakiwa wamekwisha kuketi. Kwa desturi mwanamke hawapelekei wageni sahani ya kola wala haipasui, hata kama nyumba ni yake. Mama yake alikuwa jikoni akitwanga viazi vikuu, naye hakuangalia. Olanma akaziweka kola kwenye sahani ya mbao, akazifunika kwa jani. Baba mdogo Nnanyelugo, ndugu wa marehemu baba yake, aliingia akihema, akaichukua sahani, akafunua jani mbele ya wageni.

Mzee mmoja akachukua kola moja, akaigeuza kuwaonyesha wenzake ufa wake mmoja.

"Nnanyelugo," akasema Mzee Iroegbu, msemaji wao, "umetuita nyumbani kwa ndugu yako au kituo cha malori?"

Mmoja akacheka. Wengine hawakucheka.

"Mke wetu!" Mzee Iroegbu aliita, kama wazee wanavyomwita mwanamke aliyeolewa katika ukoo. Uzoamaka akaja akijifuta mikono. "Kola ya Okpalaeke iko wapi?"

Mama alimgeukia binti yake. "Hukwenda?"

Macho yote yalikuwa juu ya Olanma. Akakumbuka maneno aliyomsikia mlevi mmoja akiyasema sokoni, na kabla hajafikiri yakamtoka.

"Nilikwenda. Mzee alikataa. Alisema hana kola ya kumpa mwanamke anayetaka kuwa mume wa mji."

Mzee Iroegbu akaiweka kofia yake kichwani taratibu. "Ikiwa mkubwa wetu amekataa, sisi ni nani tukubali? Mke wetu, tumekuheshimu kwa kuja. Usituulize zaidi."

Wakaondoka mmoja mmoja. Viazi vikuu na mchuzi wa majani machungu vilibaki mezani, vikapoa.

Siku mbili zilizofuata zilikuwa nzito. Mama hakulia. Aliibandua picha yake kubwa ukutani, akaikunja, akaisukuma nyuma ya kabati. Jumatano usiku alisema, kama anayejisemea mwenyewe, "Mjukuu wake nilimpokea kwa mikono hii, mvua ikinyesha, taa imezimika. Sikujua kwamba ananiona hivyo."

Olanma alikuwa akisafisha masufuria. Hakuthubutu kuinua uso.

Alhamisi alipokwenda bombani alimkuta mke wa Mzee Okpalaeke.

"Mwanangu, mama yako anaumwa?" bibi aliuliza. "Mzee amezifunga kola zenu katika majani mabichi tangu Jumanne. Kila asubuhi anabadilisha majani ili zisikauke. Anasema, 'Atakuja tu, ana kazi nyingi.'"

Olanma aliacha ndoo pale pale, akakimbia nyumbani, akamweleza mama yake yote: ngoma, njia panda, na maneno ya mlevi.

Mama alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaenda ukutani, akaketi kwenye benchi la watu wenye shida, mahali ambapo Olanma hakuwahi kumwona akiketi.

"Vaa viatu," alisema hatimaye.

Mzee Okpalaeke aliwapokea akiwa kitini, miguu imefungwa vitambaa. Alipomaliza kusikia aliguna.

"Ama! Siku mbili nzima nimekuwa mtu mbaya, na hakuna aliyeniambia? Ningejua, ningewatisha wajukuu wanaoniibia maembe." Kisha uso wake ukabadilika. "Lakini umenisemesha neno nisilolisema, binti, na neno hilo limetembea. Kesho utalifuata katika kila nyumba lilimoingia. Peke yako."

Ijumaa Olanma alizunguka nyumba saba za wazee. Katika kila nyumba alipiga magoti na kusema yale yale, na katika kila nyumba yalikuwa mazito kama mara ya kwanza. Mzee Iroegbu alikuwa wa mwisho.

"Umefanya vema kusema," alijibu. "Lakini Jumatano tulikwenda kwa mgombea mwingine, mkandarasi Ezenduka. Tumekula kola yake na kumpa neno letu. Ungekuja kabla ya hapo, mwanangu."

Jumamosi mistari ilipangwa. Mstari wa Ezenduka ulivuka uwanja mzima, ukapinda kwenye choo cha shule. Nyuma ya picha ya Uzoamaka, yenye mikunjo ya kabati, walisimama watu thelathini na wanane. Wa kwanza wao alikuwa Mzee Okpalaeke, aliyeletwa juu ya baiskeli, akiegemea fimbo mbili juani mpaka hesabu ikaisha. Wazee wengine walimwona, wakainamisha vichwa, lakini hawakuhama.

Baadaye Mzee alizipasua zile kola uani kwa Uzoamaka. Zilitoa vipande vinne. Akaomba kwa sauti, ili majirani wasikie, kwamba mke huyu ni wa ukoo na jina lake ni safi. Tangu siku hiyo hakuna aliyerudia maneno ya mlevi.

Wageni walipoondoka, Olanma aliuliza kwa sauti ndogo, "Mama, umeshindwa kwa sababu yangu?"

"Sijui," mama alijibu. "Huenda ningeshindwa hata hivyo. Ubaya wa uongo ndio huo: hatutajua kamwe. Ulipochelewa ulifanya kosa la mtoto, na ningekukemea, likaisha. Uliposema uongo ulichukua heshima ya mtu mwingine ukajifunika nayo. Kosa likiri lingali dogo, Olanma, wakati bado linaweza kurekebishwa. Ukweli wako nimeushukuru, lakini ulikuja siku mbili baada ya kuhitajika."

Jumatatu asubuhi Olanma alifagia ua, akanyunyiza maji. Alisita kidogo, kisha akaliweka benchi kando ya ukuta. Kabla hajamaliza, mwanamke wa kwanza alikuwa amefika langoni.