Kata, Jucineide

Mimi, Wanderlei muuza ndimu, sijawahi kudondosha chozi kwa sababu ya tamthilia. Ulizia gulio lote la Madureira, hapa Rio, utaambiwa. Bibi yangu alilia, mama yangu alilia, na baba yangu alikuwa akienda kufungulia bomba la bafuni ili tusimsikie. Jicho langu mimi ni kavu kama samaki wa chumvi. Kwa hiyo habari hii ya Déo na mpenzi wake unaweza kuiamini, maana imepita kwa mtu asiyeyumba. Yale ambayo sikuyaona kwa macho niliambiwa na wao wenyewe, kila mmoja kwa wakati wake, na kila mmoja akinisihi nisimwambie mtu.

Ilikuwa Jumamosi ya mwezi Machi, joto la kulainisha lami, gulio limefurika mpaka watu wanapishana kwa mabega. Meza ya Déo ilikuwa mkabala na yangu. Jina lake kamili ni Deoclécio, alilirithi kwa babu yake na hakuna aliyewahi kumwomba radhi. Kazi yake ni kukaanga pasteli: anatandaza unga mwembamba, anajaza jibini, anakunja, anatumbukiza kwenye mafuta, nayo inavimba kama shavu la mtoto aliyenuna. Huamka saa tisa alfajiri kukanda unga, na saa mbili usiku huwa amelala. Likumbuke hilo, maana tamthilia kubwa huanza saa tatu, na ndiyo sababu Déo alikuwa mwanamume pekee Rio nzima asiyemjua Luna Belmar.

Luna alikuwa amesimama kwenye meza ya bamia. Gauni la njano la pamba, mkanda mwembamba kiunoni, kofia pana, miwani iliyofunika nusu ya uso. Alikuwa anavunja ncha za bamia moja moja kuona kama ni changa, kama mtu aliyelelewa vizuri, na asingetambuliwa kama asingefungua mdomo kuuliza bei. Dona Zulmira, muuza mboga, aliijua ile sauti. Kwenye tamthilia Luna alikuwa Graziela, na Alhamisi iliyopita Graziela alikuwa amemfukuza mama yake mzazi nyumbani, kwenye mvua, bila viatu.

"Mama, mimi ni mwigizaji tu," alisema Luna.

"Ndivyo wasemavyo wote wakishikwa," alijibu Dona Zulmira, na fungu la sukuma wiki likatua juu ya kofia. La pili likatua begani.

Déo aliinua turubai, akamvuta mkono, akamkalisha nyuma ya ndoo ya unga. Alimpa glasi ya juisi ya miwa. Alidhani ni mwizi wa bamia.

"Umeiba nini?"

"Nimemfukuza mama yangu."

"Kwenye mvua?"

"Kwenye mvua."

"Basi fungu moja ulistahili. Hilo la pili nitaongea na Dona Zulmira." Halafu akamuuliza jina.

Yeye alikuwa akiitwa Luna tangu ana miaka sita, tangu watu wa televisheni walipomkuta kwenye duka la viatu anapiga kelele kwa sababu kiatu kinambana, wakapenda anavyolia. Jina alilopewa na wazazi waliliona refu, halitaenea kwenye maandishi ya kioo. Siku hiyo nyuma ya turubai alifungua kinywa kusema Luna, na likatoka lile jingine.

"Jucineide."

"Juci ya baba, neide ya mama?"

"Baba Juciel, mama Rosineide."

"Mimi ni Deoclécio. Siku majina yetu yakiandikwa pamoja, itabidi waongeze karatasi."

Alicheka mpaka miwani ikaanguka kwenye unga. Mimi nilikuwa namchagulia mteja ndimu, nikampa zilizooza zote. Saa moja baadaye gulio zima lilikuwa limeshamweleza Déo yule ni nani. Alisema sawa, akaendelea kumwita Jucineide.

Ndipo simu zikaanza. Alikuwa akimpigia kutoka chumba cha kupakwa vipodozi, Déo akiweka simu kati ya sikio na bega huku mwiko uko kwenye mafuta.

"Unafanya nini, mpenzi?"

"Nakaanga. Na wewe?"

"Nakufa. Nikishakula nitafufuka, taa ilikosewa, tunarudia."

"Ukifufuka njoo. Nimekuwekea ya jibini."

"Niite kwanza."

"Jucineide."

"Tena."

"Jucineide, mafuta yanaungua."

Alimweleza mambo mengi kwenye hizo simu. Kwamba nchi nzima ilimwona aking'oka jino la utoto. Kwamba keki za siku zake za kuzaliwa zilikuwa za plasta, za kupigwa picha, na yeye alizikata akitabasamu. Kwamba busu lake la kwanza lilirudiwa mpaka ikawa jioni, maana mvulana alikuwa anasimama upande usio na mwanga. Déo alikuwa akisikiliza akisema "mm", na ile "mm" yake, Jucineide aliniambia, ilikuwa kama kuvuliwa viatu baada ya kutwa nzima.

Mwezi Agosti kituo cha televisheni kilitaka watu waongee. Kilimpeleka Luna kwenye chakula cha jioni Leblon, kwa matajiri, pamoja na Caíque Sardinha, yule anayeigiza mchumba wa Graziela, jamaa mwenye taya kama droo iliyovutwa, halafu kikawaita wapiga picha. Ilikuwa kazi. Jucineide hakumwambia Déo, kama ambavyo mtu hatangazi kwamba amepiga mswaki. Kesho yake picha ya Caíque na mdomo wake shingoni mwa Luna ilikuwa kwenye kila simu gulioni, na kila mwenye simu alijiona ana wajibu wa kumwonyesha Déo.

Jumapili Jucineide alikwenda kwa mama yake Déo. Blauzi nyeupe, nywele zimefungwa, uso haujapakwa kitu. Maharage meusi yalikuwa jikoni yanatokota, na mama wa watu akakumbuka ghafla kwamba ana nguo za kuanua.

"Ilikuwa kazi, Déo."

"Na mimi ni nini, mapumziko?"

Akaanza kulia. Alilia vibaya, mdomo umepinda, makamasi yanashuka, kilio ambacho hakuna kituo kingekirusha hewani. Mkono wa Déo ulikuwa umeshainuka kumfuata. Lakini ile picha ilikuwa imekaa katikati yao kama mgeni asiyeaga, na mdomo wake ukawahi kuliko mkono.

"Kata," alisema. "Imetoka vizuri, Luna."

Machozi yakasimama. Papo hapo. Kidevu kikatulia, macho yakawa makavu. Yeye mwenyewe alijishika shavu, kama mtu anayetafuta kitu alichokuwa nacho sasa hivi.

"Umeona," Déo alisema polepole. "Hata bomba la mama halifungi hivyo. Huwa linadondosha kidogo."

Hata Jucineide mwenyewe hakujua limetokea nini. Alichukua mkoba wake akatoka. Kilichomuuma, aliniambia baadaye, ni lile jina la mwishoni.

Kuanzia hapo Déo hakulala saa mbili. Alimwambia mama yake kwamba anasubiri mpira, akakaa mbele ya televisheni kila usiku, taulo shingoni, akimtazama Graziela akidanganya, akiiba wosia, akisukuma watu kwenye ngazi, naye anatabasamu kama bwana harusi. Graziela alipolia, Déo alisogea mpaka pua inakaribia kioo. Alitaka kuona kilio kinavyoisha. Kila mara picha ilibadilika kabla, likaja tangazo la sabuni. Asubuhi alikuwa anaunguza pasteli, na wateja wanazila kwa huruma.

Naye Jucineide, ghorofani kwake kule Barra, alikuwa akipiga namba ya Déo na kuikata kabla haijaita. Alinunua bamia, akavunja ncha zote, akaziacha mezani. Kila Jumamosi alimtuma dereva wake gulioni achukue pasteli moja ya jibini, aseme ni yake mwenyewe. Dereva yule alikuwa na mzio wa jibini na gulio zima lilijua. Déo alichagua iliyovimba kuliko zote, akaifunga kwa karatasi mara mbili.

"Anakula vizuri?" aliuliza siku moja, bila kuinua macho.

"Anaipasha moto," alisema dereva. "Halafu anaitazama. Halafu inapoa."

Novemba ikaja sehemu ya mwisho ya tamthilia, na mwandishi akataka Graziela amkute mama yake analala chini ya daraja la barabara la Madureira, ampigie magoti. Wakafunga kamba, wakaweka taa na vipaza sauti, mtaa mzima ukaja. Dona Zulmira alikuja na fungu la sukuma wiki, kwa tahadhari. Déo alikuja na aproni yake, akasema anapita tu. Mimi nilikwenda kuuza ndimu.

Jucineide alitoka na gauni jeusi lililochanika pindo, miguu mitupu. Akapiga magoti mbele ya yule bibi aliyejifunika katoni.

"Mama, nisamehe. Niite tena kwa jina langu."

"Graziela," alisema bibi, kama ilivyoandikwa.

Akalia. Watu wakalia. Sukuma wiki ikaanguka chini. Mimi vumbi la daraja liliniingia jichoni, jambo la kawaida pale.

"Kata," alisema mwongozaji, mzee Otávio Peçanha, aliyemwongoza tangu lile duka la viatu. "Safi sana."

Watu wa kazi walipiga makofi. Jucineide aliendelea kulia.

"Kata, binti yangu."

Akaendelea, paji la uso likiwa kwenye lami. Mzee Otávio akamgeukia msaidizi wake, na akasahau kwamba kipaza sauti kiko mkononi.

"Kuna nini leo? Huyu tangu ana miaka sita nikisema kata, anakata. Nilimfundisha kwa biskuti. Alivunjika mkono kweli akiwa mdogo, nikasema kata, akanyamaza mkono unaning'inia. Hajui kuendelea. Hata akitaka hawezi."

Spika zililipeleka neno hilo mpaka ng'ambo ya reli. Nilimtazama Déo. Alikuwa ameshika kamba kwa mikono miwili, uso umemshuka kama unga usioumuka.

"Jucineide," alisema. Kisha akalisema kwa nguvu.

Mama mmoja aliuliza Jucineide ndiye nani. Mwingine akasema huenda kapoteza mbwa. Mlinzi akamwekea Déo kiganja kifuani. Na pale kwenye lami yule mwanamke aliinua uso, wanja umefika shingoni.

"Ni mimi," alisema, vipaza sauti vyote vikimsikia. "Jucineide ni mimi."

Dona Zulmira aliinua kamba yeye mwenyewe. "Pita, mwanangu, kabla sijabadili mawazo."

Déo alipiga magoti mbele yake.

"Yale maneno ya jikoni. Nayarudisha."

"Yapi?"

"Yote. Kata, na lile jina."

"Bado nalia, Déo. Sijui nitanyamaza saa ngapi."

"Lia. Kesho si siku ya gulio."

Laiti ingeishia hapo. Lakini katika ile miezi ya kimya, akijua hakuna anayemngoja, Jucineide alikuwa ameshasaini filamu Ureno, miezi mitano, na ndege ilikuwa wiki ileile. Kabla hajaondoka aliomba kituo kitu kimoja tu. Mzee Otávio alisema halitaenea. Jucineide akamwambia wafanye herufi ndogo.

Ijumaa ya sehemu ya mwisho baa ya mtaani kwetu ilitoa televisheni nje, viti vikajaa njia. Déo alikaa mbele, simu mkononi, spika yake imewashwa. Kule Lisbon ilikuwa usiku wa manane, baridi, na Jucineide amevaa aproni ya Déo juu ya sweta.

"Sasa unapiga magoti," Déo alimwambia.

"Najua, nilikuwepo."

Kisha majina yakaanza kupanda, na la kwanza lilichukua kioo chote kutoka ukingo mpaka ukingo: JUCINEIDE DOS ANJOS. Kwenye simu pumzi ilikatika, halafu kikaja kile kilio kibaya. Déo aliishika simu kwa mikono miwili, akamwacha alie. Hakuna aliyeagiza bia.

"Limeenea," alisema hatimaye.

"Nini?"

"Jina. Kama limeenea kwenye kioo, na kwa msajili wa ndoa litaenea, pamoja na langu. Wakiongeza karatasi, tutasaini zote."

Jibu lilikuja limelowa, lakini lilikuwa ndiyo. Tulilisikia sote.

"Tamthilia imekwisha," alisema Jucineide. "Sasa saa tatu utatazama nini?"

"Simu."

Nilijigeuza ukutani kidogo. Dona Zulmira akanishika bega, akaniuliza nina nini. Nikamwambia ni vitunguu, nimeshinda navyo gulioni kutwa.

Akanishika kidevu, akakigeuzia kwenye taa.

"Vitunguu gani, Wanderlei? Wewe unauza ndimu."