Msumari wa Baba Chiriku

Mama Chiriku ni jirani yetu. Ukuta wa jiko lake ndio ukuta wa jiko letu, akikohoa tunamsikia, kwa hiyo haya si maneno ya kuokota sokoni. Kazi yake ilikuwa kupangia wageni safari za milimani, zile ndefu za kutembea kwa miguu, kijiji hadi kijiji, mpaka kule juu ambako theluji haiondoki. Na alikuwa na mtindo wake. Alianza kupanga kutoka mwisho. Anapiga simu kwanza kijiji cha juu kabisa, anaomba pa kulala, kisha anashuka navyo kimoja kimoja mpaka kile kilicho chini ya mlima. "Mtu akishakuwa na kitanda huko juu," alikuwa akisema, "miguu yenyewe itamfikisha."

Ofisi ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba yake. Meza moja, ramani kubwa chini ya kioo, mizani ya kupimia mizigo ya wapagazi, na harufu ya mahema yasiyokauka vizuri. Na ukutani, misumari. Kila muongoza wageni wa ofisi ile alikuwa na msumari wake, na juu ya msumari kikombe chake cha bati. Akiondoka kwenda mlimani anakichukua. Akirudi, kabla hajamsalimia mtu, kabla hajavua viatu, anakitundika. Msumari mtupu maana yake mwenyewe bado yuko safarini, na safari yoyote inayopangwa pale ofisini, na yeye yumo.

Kikombe cha mtu hakishikwi na mwingine. Na muongoza asiporudi, siku ya kumaliza msiba msumari wake unang'olewa na kutupwa mtoni. Hapo ndipo safari yake inapoisha. Hilo kila mtu pale alilijua, mpaka mfagiaji.

Mama Chiriku alilijua kuliko wote. Lakini mwaka ule theluji ilipomporomokea mumewe, Baba Chiriku, na mwili usionekane, hakukubali. Wenzake walikuja na koleo la kung'olea, akasimama mbele ya ukuta akiwa na kanga yake ya msiba. "Ning'oe msumari wa mtu ambaye sijamzika? Nyie mna wazimu?" Wakaondoka na koleo lao. Msumari ukabaki mtupu, na kila jioni alikuwa akiupangusa vumbi kwa kidole.

Sasa binti yao, Chiriku mwenyewe, aliitwa hivyo tangu mdogo kwa sababu ya mdomo, hanyamazi hata akinywa maji. Mtoto wa nyoka ni nyoka: naye akasomea kuongoza wageni. Siku aliyofaulu alinunua kikombe kipya cha bati, akaingia ofisini akiimba, akakitundika kwenye msumari wa baba yake. "Mama, nimeujaza," akasema. Mama Chiriku alitaka kumwambia msumari ule bado una mwenyewe. Akamtazama mtoto anavyocheka, akaacha. Roho ilimtulia kuona pale ukutani si patupu tena.

Basi siku yenyewe ilianza kama siku nyingine. Ilikuwa alasiri yenye jua kali, mabati ya paa yanalia kwa joto. Walikuwa wanapanga safari ya kwanza ambayo Chiriku angeiongoza peke yake, njia ileile ya baba yake. Mpishi wa safari, mzee wa tumbo kubwa na maneno mengi, alikuwa anapima unga kwenye mizani.

"Huu mzigo mzito, mama."

"Mzito ni wewe. Toa mguu wako kwenye mizani."

Chiriku akacheka mpaka akashika mbavu, akatoka kwenda kwa fundi kuchukua viatu vyake vya mlima. Mama Chiriku akavuta simu na kuanza juu, kama kawaida yake.

Mwenye nyumba wa kijiji cha juu kabisa alikuwa mama mmoja aliyezoeana naye. Wakasalimiana, wakaulizana habari za watoto. Kisha yule mama akasema, "Lakini mbona mnarudia? Mtu wenu ameshapita. Nafasi kashapanga."

"Mtu wetu yupi?"

"Sikumwona uso, alijifunga kitambaa. Hakutaka kuingia. Alisimama mlangoni akasema binti alale upande wa ukutani, hapendi baridi ya mlango."

Mama Chiriku akaweka simu chini taratibu. Ni kweli Chiriku hulala upande wa ukutani. Akajiambia ni mmoja wa vijana wa ofisi amejipendekeza, watu wanapenda sifa. Akapiga kijiji kilichofuata.

"Kapita jana," wakamwambia. "Kaacha matope, tena matope yenye barafu, na huku kwetu sasa hivi ni kiangazi."

Akapiga cha tatu kwenda chini. "Kapita asubuhi." Akapiga cha nne. "Ndiyo kwanza anaondoka, mgongo wake ule namwona. Nimwite?"

"Usimwite," akasema Mama Chiriku, na hakujua kwa nini alinong'ona.

Mpishi alikuwa ameacha kupima. Unga ulimwagika pembeni ya mizani naye hakuuona.

Kilibaki kijiji kimoja, kile cha chini ya mlima. Akili ilimwambia usipige. Mkono ukapiga. Simu ikapokelewa hapohapo na mzee mwenye nyumba.

"Aa, Mama Chiriku! Bahati iliyoje. Yuko hapa mlangoni. Anataka kusema na wewe."

Simu ikabadilishwa mikono. Ukasikika upepo, upepo wa juu kabisa, ule usiofika kwenye vijiji. Halafu pumzi. Kisha sauti aliyolala nayo kitanda kimoja miaka yote ya ndoa yao.

"Mama Chiriku. Mwambie mtoto asitangulie. Nakuja kumchukua."

Simu ikakatika.

Mama Chiriku akageukia ukutani, na Mpishi akatazama alikotazama yeye. Kikombe cha Chiriku kilikuwa kimeota ukungu mweupe. Katika joto lile, bati lilikuwa limeganda barafu.

"Loo," Mpishi akasema kwa sauti ndogo. "Loo, mama. Tulikwambia."

"Nipe koleo."

"Huwezi! Kikombe cha mtu hai kiko juu yake. Uking'oa msumari na kikombe kinaning'inia, umemzika mwenye kikombe."

"Basi kitoe."

"Nikitoe mimi? Ni mwenyewe tu, mama. Unajua ni mwenyewe tu."

Kutoka kijiji cha chini ya mlima hadi mjini ni mwendo wa gari wa karibu siku nzima. Mama Chiriku akajishika na hilo. Kuna muda, akajiambia, kuna muda wa kutosha. Mlango ukafunguka akaruka, kumbe ni Chiriku na viatu vyake begani, anatafuna muwa.

"Ebo, mbona mmenuna? Nani kafa?"

"Toa kikombe chako hapo," mama yake akasema.

"Kwa nini?"

"Toa, mwanangu. Nakuomba."

"Mama, usianze. Safari ni yangu, umenipa mwenyewe, umeniambia mbele ya—"

Akanyamaza. Chiriku, ambaye hanyamazi. Nje, kwenye ngazi ya baraza, mtu alikuwa anapiga viatu kung'uta theluji. Teke moja. La pili. Kimya kidogo. La tatu, zito zaidi, kwa sababu mguu wa kulia wa Baba Chiriku ulikuwa na kilema cha kuanguka zamani.

Uso wa msichana ukachanua. Hilo ndilo lililomuumiza mama yake kuliko hofu yenyewe: mtoto alifurahi.

"Ni baba," akasema.

"Usifungue."

"Mama, ni baba! Si ndicho tulichokuwa tukiomba kila siku?"

"Tuliomba arudi. Hatukuomba akuchukue."

Mwanga chini ya mlango ukazibwa na miguu miwili. Baridi ikapita juu ya sakafu, ikawafika vifundoni. Mpishi alikuwa amechuchumaa nyuma ya magunia.

"Chiriku," mlango ukasema.

"Usiitike," Mama Chiriku akanong'ona. "Usi—"

"Abee, baba."

Alishaitika.

Kitasa kikaanza kuzunguka. Chiriku akapiga hatua kuuendea mlango. Macho yake wazi, lakini hayamwoni mtu. Mama Chiriku alikuwa hajawahi kumpiga mtoto yule, hata alipokuwa mdogo na kuvunja vyombo. Siku ile alimzaba kofi lililotusimamisha sisi huku jikoni kwetu. Akamshika mabega, akamgeuza ukutani.

"Nisikilize. Nimemfunga mimi baba yako. Mimi, kwa kutotaka kulia nikamaliza. Kitoe nimwachie. Kitoe, mama yangu, nisije nikawapoteza wote wawili."

Mtoto anapoitwa "mama yangu" na mama yake, kuna kitu kinamshika. Chiriku akapepesa macho. Akanyoosha mkono. Bati likang'ang'ania vidole, ngozi ikabanduka kidogo, kikombe kikatoka.

Mlango ukafunguka ufa.

Mama Chiriku akanyakua koleo mezani, akaukamata msumari. Hautoki. Akaweka mguu ukutani, akavuta, analia waziwazi, anasema, "Nenda, baba. Nenda kapumzike. Tutakukuta." Msumari ukalia ndani ya ukuta kama jino. Ukatoka.

Ufa wa mlango ukabaki ufa. Joto la alasiri likarudi ndani ya chumba. Mtaani, muuza maji alikuwa anapita na mkokoteni wake, anapiga kengele.

Walipotoka barazani hakukuwa na mtu. Palikuwa na nyayo za viatu, zimelowa, zinakuja mpaka kizingitini. Za kurudi hazikuwepo. Na juu ya ngazi kulikuwa na kikombe cha bati kilichobonyea, cheusi kwa moshi, kile alichoondoka nacho. Kilikuwa kimekaa mdomo juu. Watu wa milimani wakishiba chai wanakifunika kikombe, mdomo chini. Kikikaa mdomo juu, mwenyewe anasubiri kumiminiwa.

Mpishi aliupeleka msumari mtoni mbio, na tumbo lake lile. Siku hiyohiyo Mama Chiriku aliwaambia wageni watafute watu wengine. Tundu la ukutani likazibwa kwa saruji, na Chiriku akakifungia kikombe chake mwenyewe kwenye sanduku la nguo, ufunguo mama akaufunga kwenye pindo la kanga. Chiriku hakubisha. Alikuwa amechoka kama aliyetembea mbali, akaenda kulala jua halijazama.

Kilibaki kikombe pale ngazini. Hakuna aliyethubutu kukigusa. Mama Chiriku alikikazia macho kupitia dirishani mpaka giza likaingia, na uchungu ukamjaa. Miaka yote mume akirudi alikuwa akimpokea na chai pale pale, kabla hajavua viatu. Leo amekuja, na amefukuzwa kwa koleo. Tusimlaumu. Aliyewahi kupenda mtu atajua. Akachemsha chai, ya sukari nyingi kama alivyoipenda, akatoka, akaimimina. "Ya mwisho," akamwambia. Akarudi ndani akajifungia.

Asubuhi kikombe kilikuwa kimefunikwa. Amekunywa, ameshiba, amekwenda. Mama Chiriku akajikalia pale ngazini akalia kilio kile alichokikataa siku ya msiba, kirefu, chenye kupumzisha. Kisha akafuta macho, ndipo akaona vizuri.

Vilikuwa vikombe viwili. Kilichobonyea, na kando yake kile kipya cha Chiriku, nacho kimefunikwa. Akakigusa. Bado kilikuwa na uvuguvugu. Ufunguo ulikuwa palepale kwenye pindo la kanga, na sanduku lilipofunguliwa lilikuwa na nguo tu.

Alikimbilia chumbani kwa mwanawe. Chiriku alikuwa kitandani amelala, upande wa ukutani, anapumua. Akamwamsha. Akaamka vizuri, akapiga mwayo, akaulizia kifungua kinywa, akaanza kuongea kama kawaida yake.

Yupo mpaka leo. Haongozi tena wageni. Ana duka la viatu mtaa wa pili, mzima wa afya, na mdomo uleule. Ukienda kununua utamkuta anacheka na wateja. Ila ukienda mchana, saa zile za jua la utosi, wakati kila mtu anajipepea kwa gazeti, mtazame akicheka. Mdomoni kwake unatoka mvuke mweupe, kama wa mtu anayeongea akiwa juu ya theluji. Mama yake huwa anainama na kujifanya anapanga viatu.